Msomaji Wangu wa Serikalini

Jumatatu, 4 Machi
Redio imetangaza: serikali itarekodi kila tunachotafuta mtandaoni. Kila mtu! Ofisini wamenuna wote. Mhasibu kafuta simu yake nzima, mpaka picha za harusi. Mimi? Nusura nirukeruke. Nafasi ya mkuu wa masjala iko wazi. Miaka kumi na mmoja nabeba mafaili, bosi hajui hata jina langu. Sasa nimepata wa kunisoma!

Jumanne, 5 Machi
Kazi imeanza. Nimetafuta "raha ya kuwahi kazini". Nimetafuta "namna ya kuipenda serikali zaidi". Kisha nikafungulia video za hotuba za mawaziri, kutwa nzima, nikipiga makofi. Karani mwenzangu, Bi Miwani, naye anakitaka cheo. Akauliza kulikoni. Nikamjibu niko na wakubwa. Akasogeza kiti chake mbali.

Jumatano, 6 Machi
Balaa! Mama mkwe kaazima simu yangu. Katafuta "sumu ya panya isiyo na harufu", halafu "mkwe mvivu ana dawa?" Nikamwambia ameniangamiza. Akasema kama serikali inasoma, basi imjibu hilo la pili.
Nikaandika barua rasmi palepale kwenye kisanduku cha kutafutia. KUHUSU: PANYA. Nikaapa kwamba panya wapo. Chini nikaongeza maombi ya cheo. Mtandao ukaleta matangazo ya mitego. Imepokelewa!

Alhamisi, 7 Machi
Bosi kaniita. Kwa majina yangu yote matatu! Moyo ulinidunda kwa furaha. Kumbe hotuba zangu zimemaliza bando la ofisi la mwezi mzima, na barua pepe za wananchi zimekwama siku mbili. Cheo kapewa Bi Miwani. Mimi nimehamishiwa stoo. Nimeumia. Nimelia chooni, maji nikiyafungulia.

Ijumaa, 8 Machi
Stoo haina dirisha, haina kompyuta. Nimewaza na kuwazua. Kwa nini nifichwe ghafla hivi? Kwa sababu nimechaguliwa! Mke wangu anasema nimeadhibiwa, basi. Maskini, mambo ya dola hayajui.
Na darini kuna kidude cheupe chenye taa nyekundu inayopepesa. Mtunza stoo anasema ni king'ora cha moshi. Nikamkonyeza. Alipotoka nikapanda juu ya kreti, nikakiamkia kwa adabu, nikaanza kukisomea maombi yangu upya. Polepole, ili anayeandika asipitwe.