Tuandikwe Familia kwa Sababu ya Sufuria

Ndugu Msimamizi wa Nyumba za Wafanyakazi,

Salamu kutoka chumba cha mwisho, upande usiopata jua. Mimi ni yule mwashi mwenye kofia ya sufu ya kijani. Shule niliiacha njiani, kwa hiyo mwandiko ukikushinda niite tu, nitakuja nikusomee.

Wiki iliyopita ulichukua sufuria yetu kubwa ukaifungia stoo. Ukabandika tangazo kwamba jiko la wasio na familia ni la sufuria ndogo, kila mtu apike kwa zamu. Sufuria kubwa ni za nyumba za familia. Sisi hatubishani na sheria. Ndiyo maana tunaomba, kwa heshima zote, utuandike sisi wanne kuwa familia. Sababu zetu ni hizi:

1. Tunapika pamoja. Baridi hii haitaki chai na mkate, inataka mchuzi mzito wa mboga, na wetu hauna mwenyewe. Mimi nakaanga vitunguu mpaka viwe rangi ya tofali lililoiva, natia tangawizi na nyanya. Fundi bomba analeta karanga za kusaga, kama wanavyopika kwao. Mwenzetu mpaka rangi anamimina tui la nazi, kama kwao. Babu Cheche, fundi wa kuchomelea vyuma, anatia siki na pilipili manga na hataki kuulizwa. Humo ndani kuna maharage, viazi, karoti na boga. Kabichi huingia mwisho. Mwiko ukisimama wenyewe, umeiva. Sasa kwa zamu zako, mimi nina vitunguu, fundi bomba ana karanga, na Babu Cheche juzi alikula kiazi kwa siki.

2. Tunagombana kama watu wa tumbo moja. Mpaka rangi alitia chumvi mara ya pili, fundi bomba akamwambia, "Wewe hata ukuta unaupaka ukasahau umeupaka!" Wakanuniana mpaka sahani zilipopakuliwa. Mke wangu alisikia zogo lile kwenye simu, akacheka: "Kumbe una ukoo mwingine huko, baba watoto, na hukuniambia!" Huyo ni shahidi, mpigie.

3. Tuna mama. Ni Babu Cheche. Anatukagua mikono kabla hatujaketi. Nikichelewa kazini, ananifunikia sahani yangu na kuweka tofali juu, ili yule mpaka rangi asije akajiongezea. Nikiingia ananiuliza, "Ulikuwa wapi wewe?" na huku ananiona nimejaa saruji hadi kwenye kope. Ndugu Msimamizi, tangu nitoke kwetu hakuna mwingine aliyeniuliza hivyo. Siku hizi zamu yangu ikifika wenzangu wameshalala. Nakula nikitazama ukuta, nami kutwa nzima kazi yangu ni kutazama ukuta.

4. Ulisema mvuke wetu unabandua rangi ya dari. Dari hiyo aliipaka mpaka rangi wetu, kwa rangi mliyompa nyinyi, naye anasema ingebanduka hata kwa kupigwa chafya.

5. Ukishatuandika, tutaomba na haki nyingine za familia: kamba yetu ya kuanikia nguo, na ile ruhusa ya mzazi kubaki nyumbani mtoto akiugua. Tumekubaliana mtoto ni fundi bomba. Ana mafua, na wazazi wake watatu tuko tayari kubaki naye.

Natumaini utalipokea ombi hili kwa moyo mweupe. Msalimie mama watoto wako, wanao, na yule mlinzi wa getini anayejua kila kitu.

Ni mimi mwashi, kwa niaba ya ukoo.

Nyongeza: Nilikuwa nimeshafunga bahasha, nimeifungua tena. Mlinzi ametuambia nyumba za familia zina majiko ya plate nne, kila plate na moto wake. Fundi bomba ameshachagua plate yake. Mpaka rangi anasema hatimaye atakula mchuzi usio na karanga. Babu Cheche hakuchagua. Aliinuka akaenda kukata kabichi. Kwa hiyo tafadhali, usituandike familia. Tuache hapahapa, na plate yetu moja. Turudishie sufuria tu, leo kama unaweza, maana kabichi aliyokata ni ya watu wanne.