Daraja la Hatua Moja na Nusu

Jumatatu, 3 Agosti

Siku kubwa! Mkutubi Mkuu ametuita wafanyakazi wote ofisini kwake saa mbili asubuhi. Wote maana yake watu wanne na feni mbovu. Katangaza kwamba mama aliyekuwa akishika chumba cha watoto kastaafu, na chumba kinatafuta mwenyewe. Moyo ulinidunda mpaka nikadhani wenzangu wanausikia.

Chumba cha watoto! Madirisha matatu. Zulia. Mlango wenye ufunguo wake. Mimi ni fundi wa kujalidi vitabu, mwaka wa kumi na mbili sasa, katika chumba cha chini ambacho dirisha lake liko usawa wa barabara. Watu wa mji huu nawajua kwa viatu vyao. Wao wananijua kwa jina la Gundi.

Ila kuna mtihani. Yapo masanduku mawili ya vitabu vya watoto, arobaini kwa jumla, vyote vya madaraja, mahandaki na reli za milimani. Vimekaa miezi miwili na hakuna mtoto aliyegusa hata kimoja. Atakayewafanya watoto wavitake kufikia Jumamosi, chumba ni chake. Mkono wangu ulipanda wenyewe. Ukapanda na wa pili: wa Bi Muhuri, yule wa kaunta, anayegonga tarehe kwenye vitabu kana kwamba anaua mbu.

Ili ijulikane kwamba sina mchezo, nikasema nimewahi kujenga daraja. Mkutubi Mkuu akavua miwani kuniangalia vizuri. Ukweli nitakuambia wewe tu, ewe daftari: niliweka ubao juu ya mtaro mbele ya nyumba ya mama mkwe. Alivuka hatua moja na nusu.

Jumanne, 4 Agosti

Nimechukua kitabu kikubwa kuliko vyote, nikafunga mlango, nikasoma. Lahaula! Kumbe yapo madaraja yanayofunguka katikati ili meli ipite. Zipo treni zinazopita chini ya bahari na abiria hawalowi hata soksi. Na yapo madaraja ya kuning'inia: minara miwili, nyaya nene za chuma juu yake, na barabara nzima inaning'inia chini kama nguo kwenye kamba. Nguo kwenye kamba! Hilo naliweza.

Kurasa za 40 na 41 zimegandana. Mzembe gani huyu? Nikakumbuka. Vitabu hivi ni mimi niliyevitia majalada magumu. Nimezivuta kidogo, zikaanza kuchanika, nikaziacha. Kurasa mbili kati ya mia mbili hazina neno.

Wakati wa chakula nikawatangazia wa nyumbani kwamba nitajenga daraja la kuning'inia ndani ya maktaba. Mke wangu, ambaye ni fundi cherehani na ana ulimi mkali kuliko mkasi wake, akauliza kama mama yake atapewa mwaliko. Nilijifanya natafuna. Binti yetu wa miaka tisa hakucheka. Akauliza kama mtu ataweza kuvuka kweli. Nikasema akitaka alete tembo.

Jumatano, 5 Agosti

Nimejipalia makaa. Binti amewaambia darasa zima. Mwalimu naye ameambiwa. Jumamosi wanakuja watoto thelathini na wawili kutazama daraja la baba yake, na yeye ndiye atakayevuka wa kwanza.

Nilitaka kumgombeza, nikashindwa. Muhula uliopita mwenzake mmoja alimwambia baba yake ni gundi tu. Siku ile alirudi nyumbani, akaingia chumbani na hakugusa chakula. Jambo hilo halijanitoka hadi leo. Kwa hiyo sasa si habari ya madirisha matatu peke yake. Daraja lazima lisimame.

Kazi imeanza. Minara yangu ni rafu mbili zinazonifika kifuani: rafu ya kamusi na rafu ya historia. Nyaya zangu ni uzi wa kushonea vitabu, nyuzi sita zimesukwa pamoja. Barabara ni kadibodi, tabaka tano, imening'inia usawa wa magoti. Gundi ndoo nzima! Nilipomaliza nilikuwa nimegandia kwenye kiti, mlinzi akanibandua.

Nimemchungulia Bi Muhuri. Ameleta seremala, na seremala ameleta vipande kumi na kimoja vya mti, vyembamba chini na vinene juu. Anataka kujenga daraja la tao, lile lenye mgongo. Nikamuuliza gundi yake iko wapi. Akanijibu, bila hata kugeuka, kwamba haitumii. Hana gundi! Nimecheka ngazi nzima mpaka chini.

Alhamisi, 6 Agosti

Jaribio la kwanza. Nimeweka kamusi moja katikati ya daraja. Rafu zote mbili zikainamiana kama majirani wanaosengenya. Nikaiondoa kamusi, zikarudi. Nikaiweka, zikainama. Nimefanya hivyo mara nne, nikitumaini zitachoka.

Kadibodi nzuri. Uzi mzuri. Gundi ndiyo usiseme. Basi kasoro iko wapi? Nimepekua kitabu mwanzo hadi mwisho. Hakuna kitu, labda kwenye zile mbili zilizogandana.

Lakini mimi si mtu wa kukwama. Nimechukua mipini minne ya fagio, nikaikata ifike magotini, nikaisimamisha chini ya daraja, kisha nikazungushia kitambaa cha buluu cha mke wangu. Anayetazama anaona mto. Mipini haionekani kabisa. Nikamwomba mlinzi akae katikati, naye ni mtu wa kilo mia na ushee. Daraja kimya! Mlinzi akasema anahisi kitu kinamchoma kwa chini. Nikamwambia ni mawimbi.

Msafishaji anazunguka akiuliza fagio zake. Nimemsaidia kutafuta.

Ijumaa, 7 Agosti

Udanganyifu! Udanganyifu mtupu, tena mchana kweupe!

Bi Muhuri alipokwenda kunywa chai nimelikagua daraja lake. Tao limekamilika, vipande vyote kumi na kimoja, na miguu yake imebanwa na makasha mawili yaliyojaa magazeti ya zamani. Zuri, sikatai. Nikainama. Chini yake nikakuta nini? Kiunzi cha mbao, kimepinda sawasawa na tao, kimelibeba lote mgongoni! Kumbe ndiyo maana hatumii gundi. Na watu wanamsifu!

Nakiri kwamba daraja langu nalo limeshikiliwa kidogo. Lakini mipini yangu ilikuwa ya fagio tangu zamani, haikutengenezwa kwa nia mbaya. Kiunzi chake kimeagizwa kwa seremala makusudi. Tofauti ni kubwa.

Njama ninayo. Kesho, wakati watu wamejaa, nitakwenda taratibu, nitajifanya nafunga kamba ya kiatu, nitakivuta kiunzi. Tao litabwagika chini vipande vyote kumi na kimoja. Nitasimama nishike kiuno na kusikitika.

Nimempa binti viatu vyake vya kuvukia, nimevipaka rangi mwenyewe. Amevilaza karibu na mto wake wa kulalia.

Jumamosi, 8 Agosti

Naandika kwa mkono wa kushoto. Wa kulia una bonge la bandeji.

Watoto walijaa mpaka dirishani. Mlinzi alikuwa amezungushia madaraja kamba ili wasisogee sana. Binti yangu mbele kabisa, viatu vinang'aa. Bi Muhuri akaanza kueleza lake, kwamba kila kipande kinataka kuanguka, na kila kipande kinamzuia mwenzake. Nikaona maneno matupu. Nikapiga moyo konde. Nikainama, kiatu, kamba, mkono, vuta!

Kiunzi kikatoka. Tao likalia kko! Likashuka labda unene wa ukucha. Kisha likatulia. Limesimama juu ya hewa!

Makofi hayo! Watoto wakapiga kelele mpaka vumbi likashuka kutoka juu ya makabati. Nami bado nimepiga magoti na kiunzi mkononi kama mwizi wa kuku. Bi Muhuri akaniinua mbele ya watu, akanishukuru. Akasema hiyo ndiyo hatua aliyokuwa anaingojea, maana tao hujengwa juu ya kiunzi, kipande cha kati kikishaingia kiunzi hutolewa, na hapo ndipo vipande vinabanana kweli. Alikuwa anatafuta mtu mwenye mikono yenye nguvu, kumbe nimejitolea mwenyewe. Mkutubi Mkuu akanipongeza kwa moyo wa ushirikiano. Nilitamani ardhi ipasuke inimeze.

Watoto wakavuka tao mmoja mmoja. Binti yangu hakuvuka. Alikuwa ananingojea mimi.

Zamu yangu. Nikaanza kueleza minara na nyaya. Kabla sijamaliza, kitoto kimoja cha mbele kikafunua mto wangu. Mipini minne hadharani! Msafishaji akatoa sauti ambayo sitaisahau. Watoto wakacheka. Nikamtazama binti yangu. Alikuwa anatazama viatu vyake.

Hapo akili ikanifanyia kazi. La Bi Muhuri limepata nguvu lilipoondolewa kiunzi, sivyo? Basi na langu! Nikasema kwa sauti kubwa kwamba mipini ilikuwa ya muda tu, kama kile kiunzi, na sasa inatolewa rasmi. Nikaing'oa yote minne. Daraja likabaki linaning'inia. Halikuanguka! Binti akainua uso, akaja mbio, akainua mguu.

Nikamzuia. Sijui kwa nini. Nilikuwa na hakika asilimia mia, lakini mkono wangu ulikwenda wenyewe ukamshika bega. Nikamwambia baba atangulie.

Hatua ya kwanza, salama. Hatua ya pili niliifikisha nusu.

Rafu ya kamusi na rafu ya historia zikakutana kichwani kwangu.

Walinichimbua kwa dakika kumi. Nilipotoa kichwa sikuona mtoto hata mmoja. Nikajua wamekimbia. Kumbe wako kwenye yale masanduku ya vitabu, wanasukumana! Wanataka kujua kwa nini la Bi Muhuri lilisimama na la Gundi likaanguka. Mmoja anasema uzi, mwingine anasema kadibodi, mwalimu anawagombeza, hawasikii. Bi Muhuri aligonga tarehe mpaka wino ukakauka. Vitabu thelathini na tisa vimeondoka. Kimebaki kile kikubwa, kwa sababu kilikuwa mezani kwangu.

Mkutubi Mkuu akafikiri sana. Akasema vitabu vimechukuliwa kwa juhudi za pande zote mbili, lakini chumba cha watoto kinahitaji mtu ambaye rafu zake zinasimama. Chumba ni cha Bi Muhuri.

Njiani kurudi binti alivua viatu vyake, akavibeba mkononi. Niliona vibaya, vibaya mno.

Jumapili, 9 Agosti

Asubuhi binti alikichukua kile kitabu, akakishika juu ya mvuke wa birika, akazibandua kurasa za 40 na 41 bila kuchana hata herufi. Akanisomea. Ukurasa wa 40 ni mambo ya kiunzi, neno kwa neno alivyosema Bi Muhuri. Wa 41 unasema nyaya za daraja la kuning'inia haziishii kwenye minara. Zinapita juu yake na kushuka upande wa pili, ncha zake zinazikwa kwenye zege zito, la sivyo minara inavutwa na kuinamiana. Akaniuliza nani alizigandisha. Nikasema kiwandani huko.

Akaniangalia kwa jicho la pembe, jicho la mama yake kabisa. Kisha akasema jana aliwaambia wenzake kwamba baba yake alipanda kwanza ili kama ni kuanguka aanguke yeye. Yule aliyemwita baba yake gundi akauliza daraja jingine litajengwa lini. Ilibidi nitoke nje kidogo. Mvuke wa birika uliniingia machoni.

Jumatatu, 10 Agosti

Nimepandishwa cheo! Mkutubi Mkuu anataka kila Jumamosi nipande chumba cha watoto, nijenge daraja dogo moja litakaloanguka, nao watoto watafute vitabuni sababu. Nimemwambia mke wangu kwamba sasa mimi ni mshauri wa madaraja. Amecheka mpaka sindano ikamdondoka.

Habari zimemfikia mama mkwe. Amesema mtaro wake bado uko pale pale na anatafuta mwashi wa kumjengea kivuko. Mwashi wa nini, na mshauri yuko ndani ya ukoo? Nimempelekea ujumbe kwamba Jumapili nakwenda mwenyewe. Daraja la tao, matofali, hakuna gundi, kiunzi natoa. Sasa nayajua yote. Amekubali kwa sharti moja, kwamba nivuke mimi kwanza. Binti amesema atakuja kunishika mkono.

Kitabu kikubwa nimekitia jalada jipya leo, kwa heshima ya safari. Gundi ilizidi kidogo. Kurasa za 42 na 43 zimegandana. Kichwa cha habari kinaonekana nusu tu: "Usipande juu ya tao jipya kabla ya". Mengine nayakisia.