Kuhusu Kivuli cha Mwanangu Mlichokitia Kwenye Taa ya Wodi ya Wazazi

Kwa Msimamizi,
Ofisi ya Mikataba ya Nguvu za Vivuli.

Ndugu Msimamizi,

Shikamoo kama umenizidi umri, na kama hujanizidi, nasubiri yako. Mimi ni mama mzazi wa yule fundi wa kuezeka mabati, mrefu, aliyewauzia kivuli chake mwezi uliopita. Darasani sikuingia hata kufagia. Mimi nasema, mke wake anaandika, na nimemwambia asirembe.

Nilisikia mkataba wenu una uchawi, kwamba anayeulalamikia kwa mdomo ulimi unaganda. Ni kweli. Wangu umeganda mara mbili, na nyumba nzima ikapumzika. Lakini kuandika na kuandikisha mlisahau kukataza, kwa hiyo kaa kitako.

La kwanza. Mlimpa mwanangu bati thelathini, naye akawapa kivuli miaka saba mkikamue nguvu za kuwashia taa za mji. Mtu anaezeka nyumba za wenzake na yake inavuja, ataacha kutia kidole? Karani wako alimsomea mkataba kwa kasi ya mtu anayewahi chakula, mwanangu akasikia neno bati tu. Hilo ni kosa lake, nimeshamsema mpaka sauti imenikauka. Lakini na ninyi mmezidi.

La pili. Mafundi wenzake hawana tena pa kukaa saa kumi. Walikuwa wanajibanza kwenye kivuli chake, watu watatu na birika la chai. Hao hawakutia kidole popote. Sasa wamemnunia kama vile amewahamisha nyumba.

La tatu. Nilikuja ofisini kwenu. Mkanikalisha kwenye benchi chini ya mti ambao kivuli chake nacho mmeshakichukua, nikaiva upande mmoja. Karani akaja kuniambia kifungu cha tisa kinasema kivuli kikishaingia kwenye taa hakitoki mpaka miaka yake iishe. Nikamuuliza kifungu cha kuongea na mama wa watu huku unatafuna ni cha ngapi. Akafungua karatasi akatafuta kweli.

La nne. Nimefuatilia taa moja baada ya nyingine mpaka nimekijua kilipo. Mmekitia wodi ya wazazi! Ndugu Msimamizi, una mama wewe? Kivuli cha mwanamume kinaning'inia darini, kinawaangalia wake za watu wakijifungua. Mwenyewe mwanangu akisikia tu neno uchungu anakumbuka ana kazi mbali. Mmemfanya mhuni wakati yuko zake juu ya paa na nyundo.

La tano, na hili ndilo limeninyima usingizi. Huyu mkwe wangu anayeandika ni mja mzito na siku zake zimefika. Unajua kama ninavyojua kwamba mtoto akizaliwa hulazwa kwanza kwenye kivuli cha baba yake ndipo naye apate chake. Akikosa, anakua bila kivuli maisha yake yote, na ninyi wenyewe hamtakuwa na cha kununua kwake. Mjukuu wangu tumlaze wapi? Nimewauliza wakunga kama cha bibi kinafaa. Wakasema hakifai.

Kwa hiyo taa ile izimwe leo, kivuli kirudi kizima, na mabati mje myabandue wenyewe. Kulala katikati ya masufuria yanayokinga mvua tumeshazoea. Na jueni kwamba hakuna kidole cha nyumba hii kitakachogusa wino wenu tena. Mkikataa nitakuja kukaa mlangoni kwenu, na mimi nikikaa sinyanyuliwi.

Nisalimie mkeo, watoto, mlinzi wenu mpole, na hata huyo karani, ni mtoto wa mtu.

Ni mimi mwenye uchungu na wangu,
Mama Fundi
(kidole gumba cha kulia, kwa masizi ya sufuria)

Nyongeza. Sasa anaandika mkunga. Mkwe alishikwa na uchungu kabla hatujafunga bahasha. Saa nane mchana mvua ikatia giza, taa za wodi zikazimika zote isipokuwa ile ya juu ya kitanda chake. Mtoto alikuja na kitovu kimemzunguka shingo, na mkunga anasema bila kuona asingemuokoa. Ni msichana. Mwanga wa kivuli cha baba yake ulimmwagikia mwili mzima, na ukutani, Ndugu Msimamizi, kivuli chake kidogo kilikuwa kimeshakunja ngumi.

Msizime. Kitanda cha pili kuna binti wa watu bado anahangaika, na juu yake hakuna taa inayowaka. Mtumeni karani na wino wenu, nipo hapa wodini na kivuli changu. Asinisomee kitu. Aje haraka.