Chipu ya Shemeji

Jumatatu, 3 Juni
Nimemkosea shemeji. Naandika hapa maana mke wangu hajui. Kaka yake anahama nyumba, katuachia mashine yake ya gemu, aliyonunua kwa mshahara wa kwanza. Anaipenda kuliko gari. Mimi nazitaka gemu zile kwenye kompyuta yangu. Sidii zake nimenakili. Programu ya kuiga mashine ninayo. Nawasha: giza! Inadai faili la kuamshia, lile linalokaa ndani ya mashine yenyewe. Basi nikafungua skrubu, nikang'oa kwa koleo chipu yenye faili hilo. Kitu chenyewe kama ukucha!

Jumanne, 4 Juni
Fundi simu kaiona chipu, kashika kichwa. Eti mzee wangu, faili linanakiliwa, haling'olewi! Ningejuaje? Kanitolea faili hivyo hivyo, kaniwekea kwenye flashi. Nyumbani nikawasha. Nembo! Ule mlio wenyewe! Nimerukaruka sebuleni na kitambi changu. Mashine ya shemeji ndiyo haiwaki tena. Maskini.

Alhamisi, 6 Juni
Shemeji katokea ghafla, ana hamu ya gemu yake ya mpira. Jasho! Mashine mfu nikaiweka mezani, kompyuta kabatini, waya wake wa kwenda kwenye TV nyuma ya pazia. Mlio ukalia. Machozi yakamlenga. Kanifunga, kanizomea, eti shemeji vidole vyako vimezeeka. Mara kafungua kifuniko, katoa sidii aifute kwa shati. Mpira ukaendelea! Kaitazama sidii. Kanitazama mimi. Nikamwambia nimeifanyia sevisi, siku hizi inakumbuka yenyewe. Kanikumbatia! Kamwambia dada yake ana bahati ya mume. Ushindi mtupu! Mke wangu alikuwa anatazama kabati. Kabati lilikuwa linaunguruma.

Ijumaa, 7 Juni
Mke kafungua kabati. Kasema nimwambie kaka yake mwenyewe, la sivyo atamwambia yeye. Ana haki. Jamaa alinikumbatia kwa moyo wote, mimi nimeitoa roho mashine yake. Naapa: Jumapili, kabla ya chakula cha mchana, namkabidhi ikiwa nzima, chipu mahali pake, na namweleza yote. Nitaiunga mwenyewe, fundi ana maneno mengi. Miguu ya chipu imekatika, lakini hilo dogo. Waya nyembamba ninazozitaka zimo tele ndani ya redio ya mama mkwe, aliyotuachia tumtunzie. Hatajua. Skrubu mbili za redio nimeshatoa.