Bwana Gaboury Agombea Ubunge

Ijumaa, 15 Juni 1792. Anse-aux-Ormes, Kanada ya Chini.
Nimeamua. Nagombea ubunge! Miaka yote niliyonunua ngozi kwa Waojibwe, wenyeji wa kule kwenye maziwa makuu, nikilala barafuni na kula mahindi kwa shahamu, haikupotea bure. Sasa nina ardhi, nina kinu cha kusagia unga, nina wapangaji. Kimebaki kiti cha Bunge tu. Mpinzani wangu ni Quesnel, mhunzi. Mhunzi! Mtu ananuka kwato.

Jumapili, 17 Juni.
Baada ya misa nimehutubia nikiwa na koti langu la manyoya ya biva, yule mnyama wa mitoni aliyenitajirisha, wajue wanaongea na nani. Joto la kuua. Mbwa wa parokia nzima walinizunguka wakininusa. Quesnel akapaza sauti: “Jamani tulieni, biva anataka kusema!” Akacheka hadi padri. Niliikatiza hotuba, nikalala kivulini. Sikuzimia. Nilipumzika.
Wapangaji wakauliza mawe ya kinu yatatengenezwa lini, maana unga una mchanga. Nikawajibu kwamba mbunge hushughulika na makubwa. Wakageuka, wakaenda zao. Bila shaka waliridhika.

Jumatatu, 18 Juni.
Mpango mzuri! Mjane Peltier ana shamba lake, kwa hiyo ana kura, na kaka zake humsikiliza. Nimemwahidi benchi la mbele kanisani. Kakubali papo hapo. Benchi lenyewe hulikalia mama mkwe wangu, Bibi Thècle. Atazoea la nyuma. Nitamwambia uchaguzi ukiisha. Yeye pia ni mjane mwenye shamba, lakini kura yake sina wasiwasi nayo. Ni familia!

Jumanne, 19 Juni.
Siku ya kura. Kila mtu husimama mbele ya karani na kutaja jina kwa sauti. Nilifungua pipa la ramu mapema. Kosa dogo. Watu wangu walikunywa wakalala. Watu wa Quesnel walikunywa ramu hiyo hiyo, wakafuta midomo, wakaenda kumpigia Quesnel.
Hata hivyo tulikwenda sare! Akabaki mpiga kura mmoja: mama mkwe. Nilivua kofia, nikainama.
“Mkwe wangu,” akasema mbele ya watu wote, “benchi langu umempa nani?”
Nikamsihi tukaongelee nyumbani.
“Hapana, baba. Tuyamalize hapa hapa.” Akamgeukia karani. “Quesnel!”
Farasi walishtuka.

Jumatano, 20 Juni.
Mke wangu anasema nikamwombe mama yake radhi, kisha nitengeneze kinu. Hajui siasa. Nimetafakari tangu asubuhi na tatizo nimelipata: watu wa hapa wananifahamu kupita kiasi. Ng'ambo ya mto wanapiga kura Jumatatu. Nimeshatuma mtu akaandikishe jina langu. Kule hakuna hata mmoja anayenijua. Watanichagua bila shaka!