Mkuu wa Fidia Apanda Juu ya Nyumba

Wananchi wa Bunia wanatangaziwa kwa furaha kubwa kwamba, kuanzia mwaka huu wa 1976, hakuna mtu atakayekufa barabarani bure.

Tangazo hilo nililiandika mimi, Mbuyi, mkuu wa Huduma ya Fidia na Faraja, na nililisoma mwenyewe sokoni, nimevaa abakosti, suti ya kiserikali, mpya iliyonibana kwapani. Watu walipiga makofi. Mama mmoja aliuliza kama tunagawa sabuni.

Tulikuwa na biro, yaani ofisi, mlango unaofungwa, katibu aitwaye Kahindo, na Komite. Kilichokosekana ni fidia tu. Mwenyekiti wa Komite alikuwa raia, au kama tulivyoitana siku zile, sitwayeni Kamate, mfanyabiashara wa malori. Tulimchagua kwa uzoefu wake: hakuna mtu mjini aliyejua ajali kwa karibu kuliko yeye.

Hatukungoja sana. Lori la Kamate, likishuka kutoka Bule na viazi, lilimgonga mkulima mmoja wa Nyakasanza aliyekuwa akisukuma baiskeli yake pembeni kabisa mwa barabara. Aliitwa Augustin, jina la Kikristo ambalo siku zile Serikali haikuliruhusu biroini, lakini kwa kuwa alikuwa amekwisha kufa, tulimwachia. Alimwacha mke, Mama Godelive, na watoto wadogo. Mama huyo aliomba ng'ombe wawili wa maziwa, kama desturi ya kwao inavyotaka.

Komite ilikaa. "Ng'ombe anakufa," alisema Kamate. "Wapewe hotuba. Hotuba nzuri, familia inabaki nayo." Nilikubali haraka, maana hotuba ndiyo kazi pekee niliyoiweza.

Basi nikaenda kwenye matanga, nikasimama mbele ya wafiwa, nikanguruma. Nilisema marehemu alikuwa nguzo ya nyumba, na kwamba Huduma haiachi nyumba bila nguzo. Jasho likanitoka, utamu wa sauti yangu ukanilevya, nikamaliza hivi: "Kuanzia leo, mimi mwenyewe ninachukua nafasi yake!"

Mama Godelive aliinua kichwa. "Weye mwenyewe?"

"Mimi mwenyewe!"

"Bantu bamesikia?"

Watu wakasema wamesikia. Nikadhani wananisifu.

Kesho yake asubuhi nikamkuta mlangoni mwa biro, na jembe mkononi. Pembeni yake alisimama Mama Dorothée, aliyemzaa marehemu, mwanamke mfupi asiyecheka.

"Shefu, mvua iko inaingia mu nyumba," alisema Mama Godelive. "Na maharagi itaoza mu shamba. Ile yote ilikuwa kazi ya bwana yangu."

"Mama, ile ilikuwa lugha ya kiofisi."

"Siye tulisikia Kiswahili," alijibu Mama Dorothée.

Nilimtazama Kahindo anisaidie. Alinivua koti la abakosti taratibu, akalikunja vizuri, akasema, "Shefu, usichafue nguo ya Serikali."

Ndivyo nilivyojikuta juu ya nyumba huko Nyakasanza, natandika nyasi, huku watoto wa marehemu wakiniambia kutoka chini kwamba naziweka kichwa chini miguu juu. Mtaa mzima ulikuja kutazama. Wengine waliniamkia kwa heshima kamili, "Mbote, sitwayeni mkuu," na hiyo iliniuma kuliko kicheko.

Habari zikamfikia Kamate. Alikuja mbio, amekasirika.

"Mbuyi, shuka! Unaiaibisha Komite!"

Mama Dorothée alimtandikia mkeka. "Karibu, papa. Mudogo wako iko juu. Weye mukubwa, ikala."

Mbele ya umati ule hakuweza kukataa mkeka wa matanga. Akakaa. Na kwa kuwa alikuwa amekaa upande wa wafiwa, kila aliyeingia alimshika mkono na kumwambia, "Pole, papa, kwa kupoteza mutoto." Alijibu asante mara nyingi mpaka sauti ikamkauka.

Ndipo akaja dereva wake, Paluku, kumtafuta. Alipoona mkeka na waliokaa juu yake, alivua kofia, akampita tajiri wake, akapiga magoti mbele ya Mama Dorothée.

"Mama, ni miye nilikuwa ninaendesha. Freni ilikuwa imekufa, lori ilikuwa haisimame. Nilimwambia patroni yangu. Alisema, shuka tu, viazi itaoza."

 Mama Godelive alifunika uso kwa kitenge. Kamate aliinua macho juu ya nyumba, kwangu, akingoja nitoe maneno. Nilifungua mdomo. Ulikuwa na nyasi.

Ng'ombe wale wawili walioombwa walifika kabla ya jua kuzama. Kamate aliwavuta mwenyewe, akitembea kwa miguu katikati ya mji, kwa sababu hakuna dereva aliyekubali kugusa malori yake siku ile. Suruali ilikuwa imejaa tope mpaka magotini. Alimnyoshea Mama Godelive kamba, akageuka aende zake.

Mama hakuzipokea. "Sema kwanza ulifanya nini."

Kamate alitazama chini. "Lori yangu ilimuua bwana yako," alisema polepole. "Nilijua freni iko mubaya."

"Sema na nguvu," alisema Mama Dorothée. "Bale ba nyuma habajasikia."

Kamate akarudia. Ilikuwa hotuba fupi kuliko zangu zote, na ndiyo pekee ambayo Mama Godelive aliisikiliza mpaka mwisho.