Mimbari ya Mwaloni Mkaidi

Jumatatu, 10 Februari

Mambo yameiva. Jana, wakati wa shuhuda, nilisimama mbele ya kanisa zima nikasema Bwana amenionyesha ndotoni mimbari mpya, na aliyeshika randa katika ndoto hiyo ni mimi. Kanisa likaitikia amina. Ndoto yenyewe sikuiota. Nililala vizuri tu. Lakini mimbari ya sasa imepasuka tangu Krismasi, Askofu anatoka Kakamega kututembelea huku Marekani Jumapili ya tarehe 23, na siku hiyo hiyo tunachagua mzee wa kanisa. Nafasi ni moja. Nimeitaka kwa miaka sita.

Tunaoigombea ni wawili. Mwingine ni Bagalwa, Mkongo wa Bukavu, mtu mpole wa maneno machache, anayefanya kazi kwenye karakana ya makabati ya jikoni huko Burnsville. Yaani ni seremala. Mtu wa akili ndogo angeona hapo pana tatizo. Mimi nimeona bahati. Seremala akitengeneza mimbari, nani atashangaa? Lakini ikitengenezwa na mtu anayeogesha wazee kwa riziki yake, huo ni muujiza. Na watu hupigia kura miujiza.

Mke wangu Velma ameniuliza kama nimewahi kushika randa. Nimemkumbusha kwamba marehemu baba aliuza mbao Kitale. Amesema marehemu babake aliuza mitumba na yeye hadi leo hajui kushona. Jibu lipo, nitalipata.

Jumanne, 11 Februari

Mbao nimepata! Za bure!

Zimetoka kwa Mzee Halvorson, ninayemhudumia kila asubuhi nyumbani kwake Saint Louis Park: kuoga, dawa, uji, soksi. Ana miaka tisini na moja, na useremala ameufanya hamsini kati ya hiyo. Nilipomweleza habari za mimbari akanituma basementi, chumba cha chini ya nyumba. Mbao nane za mwaloni. Alikuwa amezitunza miaka thelathini akingoja kazi ya maana. Nilizipandisha moja moja, naye akazipapasa kama mtu anayechagua ng'ombe mnadani.

Mmoja, mpana kuliko zote, una mawimbi na vizingo vinavyong'aa. Nikasema huo utakaa mbele. Akatikisa kichwa. Akasema huo ni wa nyuma, kusikoonekana, au wa kuni. Akauita kwa neno la Kiingereza cha kizamani, cross-grained, na akanieleza polepole. Nyuzi za ubao huo haziendi upande mmoja; kila shibiri zinageuka. Ukilazimisha randa, unachimbika. Lazima uzisome nyuzi, upige kidogo, ugeuze ubao, upige tena. Akaongeza kwamba watu wa kwao zamani walilitumia neno hilo kwa binadamu pia, yule ambaye ukimshika upande wowote anakukwaruza, ukimshauri anakazana zaidi. Babake alikuwa hivyo, na walizika ugomvi wao pamoja naye.

Neno zuri sana. Njiani kurudi nyumbani Crystal nimewahesabu ninaowajua wa aina hiyo. Velma. Jirani anayenikataza kuegesha gari mbele ya kwake. Bagalwa. Inasikitisha jinsi watu walivyo wagumu.

Ubao ule nimeuchukua. Utakaa mbele.

Alhamisi, 13 Februari

Gereji. Digrii sita chini ya sifuri. Kofia mbili, jaketi mbili, randa ya kuazima kutoka kwa Mzee Halvorson.

Pigo la kwanza lilitoa sauti ya kitambaa kinachopasuliwa. Nilipoangalia, nikaona kishimo. Nikapiga kwa nguvu zaidi, maana ubao ukikuona mwoga unakudharau. Kishimo kikawa na ndugu. Kufikia saa kumi ungeweza kupanda maharagwe kwenye ubao huo.

Velma alileta chai, akasimama, akatazama. Akasema niugeuze. Akasema hata kichwa cha mtoto hukichani kwa nguvu pale nywele zilipofungamana, unaanza upande mwingine. Nikamweleza kwamba ubao umeshafungwa kwa vibano kuelekea mlangoni, na kwamba mwanamume hawezi kubadili msimamo kila chai inapoletwa. Ameondoka na chai yake.

Nimetuma picha kwenye grupu la kanisa. Mikono yangu na randa tu, ubao hauonekani. Amina arobaini na mbili! Bagalwa peke yake ndiye aliyeuliza kama naweza kutuma picha ya ubao.

Jumamosi, 15 Februari

Adui amekuja nyumbani. Alikuja saa nne asubuhi, amebeba randa yake mwenyewe ndani ya taulo kama mtoto mchanga. Velma akamfungulia gereji bila kuniuliza.

Bagalwa hakucheka. Afadhali angecheka. Alipitisha kidole gumba kwenye mashimo, taratibu, kama daktari anayetafuta panapouma. Halafu akaniambia kwa sauti ya chini: "Kaka Harrison, hii ubao iko inakataa juu uko unaipiga upande moja tu. Tuigeuze. Nipatie saa mbili, tutaitengeneza pamoja, na hakuna mutu atajua."

Hakuna mtu atajua! Hapo ndipo nilipomshtukia. Mtu akikuahidi hivyo, ujue tangazo limeshaandikwa. Nikamwambia kwa heshima zote kwamba ndotoni nilikuwa peke yangu. Akasema amenielewa. Kisha akakaa jikoni na Velma akinywa chai, saa nzima, wakicheka mambo ambayo sikuyasikia vizuri kupitia ukuta.

Ameniachia randa yake. Amesema imenolewa. Nimeifungia kwenye sanduku la matairi ya kiangazi, maana huenda imetegwa. Sijui randa hutegwaje, lakini yeye ni fundi, angejua.

Jumanne, 18 Februari

Usiku wa kuamkia jana sikulala. Jana nikaokolewa na kumbukumbu. Pale Kitale mafundi walikuwa na dawa ya kila kosa: unga wa mbao uliokorogwa na gundi. Nimeziba kila shimo. Nimepiga msasa mpaka mkono ukafa ganzi. Sasa ubao ni laini kama shavu, na nimeuunganisha na wenzake saba kuwa mimbari.

Dosari moja tu. Palipozibwa pamebaki peupe, na mimbari inafanana na kichwa chenye mapunye. Basi nimenunua polishi ya viatu, rangi ya kahawia, makopo manne, na nimeipaka yote kwa soksi. Inapendeza! Velma amepita akinusa, akauliza ni nani anayekwenda kwenye gwaride.

Asubuhi nilimwonyesha Mzee Halvorson picha. Alivaa miwani, akacheka mpaka ikabidi niinue kitanda apate hewa. Alipotulia akaweka mkono wake juu ya wangu na kulirudia lile neno la kizamani. Lakini alilisema akinitazama mimi, hakuitazama picha. Macho yake yanazidi kufifia, maskini.

Jumamosi, 22 Februari

Mimbari imefika kanisani. Bagalwa alikuwepo akipanga viti, akanisaidia kuibeba kutoka kwenye gari. Tulipoishusha alitazama viganja vyake. Kisha akavinusa. Akanivuta kando, akasema kesho Askofu ataipaka mafuta.

Nikamjibu kwamba bila shaka ataipaka. Mimbari mpya huwekwa wakfu kwa mafuta, hata watoto wa shule ya Jumapili wanajua. Akaniomba ufunguo wa kanisa. Saa tatu tu, alisema, ana turubentaini ya kutolea polishi kwenye gari na vifaa vyake vyote. Alikuwa anasihi, mtu mzima. Karibu nimhurumie, hadi nilipoiona hila yake: aiguse dakika ya mwisho ili kesho aseme tumeitengeneza wote.

Niliketi kwenye ngazi ya madhabahu nikiilinda mimbari mpaka alipoondoka. Ufunguo uko ndani ya soksi yangu. Hotuba ya ushindi ina kurasa tatu.

Jumapili, 23 Februari

Naandika kwa shida.

Askofu si mtu wa kuchovya kidole. Alimimina chupa nzima. Mafuta yakashuka, na polishi ikashuka nayo. Gundi hainywi mafuta, hilo nimelijua leo mbele ya watu mia moja na kumi. Viraka vilitokeza kimoja baada ya kingine, na kabla ya sala kufika katikati mimbari ilikuwa na madoa kama chui. Askofu hakuona, alikuwa amefumba macho, akiisugua kwa mikono yote miwili. Halafu, akiwa bado amefumba macho, aliweka mikono ile juu ya kichwa cha Mchungaji Maurice ili ambariki. Mchungaji ana kipara. Alikuwa amevaa suti nyeupe.

Kura zikafuata. Bagalwa, themanini na tisa. Mimi, mbili. Moja ni yangu. Nimemuuliza Velma, akasema kura ni siri.

Niliondoka kabla ya chakula nikakaa ndani ya gari, injini ikinguruma, hita ikinipiga usoni. Sina haja ya kujidanganya humu. Niliona aibu mpaka nikalia. Miaka kumi na tisa niko nchi hii nikivalisha watu soksi, na nilitaka siku moja nivae suti, niitwe Mzee Harrison, watu wanisogezee kiti. Nilitaka hilo tu.

Mlango ukafunguliwa, Bagalwa akaketi kando yangu bila kualikwa. Nikangoja anicheke. Badala yake akanisimulia kwamba alipofika hapa, kazi yake ya kwanza ilikuwa ghalani, na bosi alimuuliza kama anajua kuendesha mashine ya kunyanyulia mizigo. Alijibu anajua. Akaiendesha mpaka ikatokea upande wa pili wa ukuta. "Ni ile neno 'najua' ilinifukuzisha kazi, kaka. Hata ukuta haikuwa na makosa."

Kisha akaniambia jambo. Amemwomba Mchungaji apewe msaidizi, mzee wa pili, na amenitaja mimi. Mchungaji amekubali, japo alikuwa bado anajifuta. Sharti ni moja. Jumapili ijayo nisimame, niseme ndoto sikuiota, niseme nilikosea, niseme asante. Dakika mbili.

Nilimshika mkono. Nikamwambia nitafanya hivyo. Nilimaanisha kwa moyo wote.

Jumapili, 2 Machi

Nimesema!

Nieleze kwa utaratibu. Tulipoingia, mimbari ilikuwa imesimama mahali pake. Bagalwa ameshinda kanisani jioni zote za wiki. Ameufungua ubao wa mbele, ameutoa gundi, ameupiga randa kidogo kidogo, akiugeuza, akiugeuza tena. Sasa mawimbi yale yanaonekana mpaka chini kama maji safi. Nilipitisha mkono. Haukwaruzi popote.

Nikapewa maikrofoni. Nilianza vizuri, kila mtu atakuambia. Nilisema, "Wapendwa, nilikosea." Velma akatoa kitambaa akafuta macho. Bagalwa aliinamisha kichwa akitabasamu. Mchungaji Maurice alikuwa ameshika kile kitabu ambamo huandikwa majina ya wazee wa kanisa, na kalamu ilikuwa wazi.

Hapo jicho langu likaangukia ubao. Ukang'aa. Na nikakumbuka kwamba bingwa wa miaka tisini na moja alisema ubao huo ni wa kuni. Ni nani aliyeuchagua? Ni nani aliyekataa ushauri? Ningenyamaza, lingekuwa kosa dhidi ya ukweli, na nilikuwa nimesimama pale kwa ajili ya ukweli. Nikalisema hilo kwa kifupi. Kisha ikabidi nigusie mafuta, kwamba Askofu alitumia ya kupikia, na kwamba hakuna mimbari duniani ingestahimili chupa nzima. Nikamalizia na ndoto. Ni kweli niliahidi kuikana. Lakini nilipokuwa nikisema nikaanza kuikumbuka vizuri zaidi, na nikaona sasa kwamba nyuma yangu alikuwepo mtu wa pili, Mkongo, ameshika randa yangu ya akiba.

Nilikuwa bado nina machache ya kueleza kuhusu aina za mbao za Marekani wakati upande wa akina mama ulipolipuka kwa pambio. Ngoma zikafuata, kinanda kikafuata, kanisa lote likasimama. Ziko shuhuda zinazozimwa kwa pambio, kama zile za Ndugu Kalume za nusu saa, na hilo ni jambo la aibu. Yangu ilipokelewa kwa pambio. Tofauti ni kubwa, ingawa anayetazama kwa haraka hawezi kuiona. Mchungaji alikuja akanipokonya maikrofoni kwa upole akiwa anaimba.

Mlangoni ameniambia baraza limeona nafasi ya msaidizi ingoje mwaka ujao, au ule unaofuata. Amefunga kitabu, kalamu ameirudisha mfukoni. Bagalwa amenishika mkono kwa muda mrefu. Nadhani anaonea haya ushindi wake.

Nimeulizia ni nani aliyelianzisha pambio. Ni Velma. Tumeoana miaka ishirini na mbili, na sikuwahi kujua kwamba maneno yangu humgusa kiasi hicho.